Lipa kidogo kidogo: Huruma ya mahakama kwa fedha ya nani?

KUNA swali ambalo kwa juu juu linaonekana ni la mawakili na mahakimu, lakini ukilichimba unakuta ni la kwetu sote, na zaidi sisi tunaoisoma Suratul-Baqara misikitini na majumbani. Mtu amekopa, muda umefika hakulipa, amepelekwa mahakamani, na mahakama imeshatamka kuwa anadaiwa. Kisha anasimama na kusema: "Mheshimiwa, deni sikatai, ila kulipa kwa mkupuo sina uwezo. Naomba nilipe kwa awamu." Mwenye fedha yake hataki. Mahakama ikimkubalia mdaiwa, je, imefanya uadilifu, au imemfanyia mtu hisani kwa fedha ya mwenziwe?

Nimeuliza swali hili darasani, nikaliuliza pia barazani baada ya Isha. Vijana wa kidato cha tatu walisema haki ni haki, alipe. Wazee wakasema Uislamu ni dini ya huruma, apewe nafasi. Wote walijibu haraka mno.

Tuanze na sheria yenyewe, maana wengi wetu tunaijua siku tunapoletewa karatasi na dalali wa mahakama. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, ilitungwa mwaka 1966, na mama yake ni sheria ya India ya mwaka 1908 ambayo Waingereza walikuwa wakiitumia huku kwetu. Katika Amri ya 20, Kanuni ya 11, mahakama imepewa uwezo, kwa sababu ya kutosha, kuamuru kuwa deni lililohukumiwa lisogezwe mbele au lilipwe kwa awamu. Kenya wana kanuni inayofanana nayo, Amri ya 21, Kanuni ya 12, nayo inasema wazi kuwa hata baada ya hukumu mahakama inaweza kutoa amri hiyo bila ridhaa ya mdai, ikionyeshwa sababu.

"Sababu ya kutosha" ni nini? Hapo ndipo majaji walipofanya kazi. Katika mashauri ya Afrika Mashariki ya mwaka 1959 na 1961, ambayo mpaka leo mawakili huyanukuu, mahakama zilisema kuwa dhiki peke yake haitoshi. Mdaiwa aonyeshe nia njema, alete kiwango kinachoingia akilini, na haki ya mdai kupata chake isisahauliwe. Nikiwa mwalimu wa dini na si mwanasheria, nakiri nilipoyasoma maneno hayo nilihisi nipo mlango wa jirani na vitabu vyetu vya fiqhi.

Na kama awamu zikikataliwa? Mdai anaomba kukazia hukumu. Mali inakamatwa na kupigwa mnada, akaunti inazuiwa, na mwisho kabisa kuna kile kinachoitwa kifungo cha madai, kisichozidi miezi sita. Kuna jambo hapa ambalo kila ninapolieleza watu hucheka kwa mshangao: mdai ndiye anayetakiwa kulipia posho ya kumlisha mdaiwa wake gerezani. Na mfungwa akitoka, deni liko pale pale. Yaani umemtoa mtu kazini ambako angepata cha kukulipa, ukamlisha kwa fedha yako, na mwisho wa miezi sita mmerudi mlipoanzia, ila sasa mna chuki.

Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa wa mwaka 1966, ambao Tanzania ilijiunga nao mwaka 1976, unakataza katika Ibara ya 11 mtu kufungwa kwa sababu tu ya kushindwa kutimiza wajibu wa kimkataba. Mwaka 2010, mara baada ya Kenya kupata Katiba mpya, Jaji Martha Koome, ambaye mwaka 2021 alikuja kuwa Jaji Mkuu, aliamua kuwa kumfunga mdaiwa kwenda kinyume na ibara hiyo. Mwaka 2012 Jaji David Majanja akaliangalia upya suala hilo, akasema kifungo chenyewe si batili. Kinachokatazwa ni kumfunga asiye na uwezo, ama mwenye uwezo anayekataa kulipa huyo ni mwingine.

Ndugu msomaji, tofauti hiyo Waislamu wanaifahamu kwa zaidi ya miaka 1400. Aya ya 280 ya Suratul-Baqara inaelekeza kuwa mdaiwa akiwa na dhiki, angojewe mpaka apate wasaa, na kwamba kumsamehe ni bora zaidi kwa mwenye kudai. Na Mtume (s.a.w.), katika hadithi iliyopokewa na Bukhari na Muslim, ameita kuzungusha kwa mwenye uwezo kuwa ni dhulma. Katika hadithi nyingine, iliyomo kwa Abu Daud na Nasai, amesema kuwa mwenye nacho akichelewesha anajihalalishia kusemwa na kuadhibiwa. Basi kuna watu wawili, mwenye dhiki na mwenye nacho, na hukumu zao ziko mbali kama mashariki na magharibi. Balaa ni kwamba wakifika mbele ya hakimu wote wanavaa shati lile lile lililopauka.

Lakini turudi kwenye swali la hisani. Wanachuoni wameigawa aya hiyo sehemu mbili. Kumngoja mwenye dhiki ni wajibu, kumsamehe ni jambo la kupendekezwa. Mgawo huu unajibu nusu ya swali letu. Kama kungoja ni wajibu, basi mahakama inayomlazimisha mdai kumngoja maskini haigawi fedha ya mtu. Inamwambia tu kuwa haki yake ya kudai leo ilikuwa imeshasimama kabla hajafika mahakamani. Ama kumpunguzia mdaiwa hata shilingi moja ya deni, hiyo ndiyo hisani, na hisani haiamriwi na hakimu. Inaombwa. Mtume (s.a.w.) mwenyewe alipomsikia Ka'b bin Malik (r.a.) akimdai Ibn Abi Hadrad (r.a.) msikitini mpaka sauti zikapanda, alitoka, akafunua pazia la chumba chake, akamwashiria Ka'b apunguze nusu. Ka'b akakubali. Hapo hapo Mtume akamwambia mdaiwa: simama ulipe. Tazama utaratibu huo. Punguzo lilitoka kwa mwenye mali, na lilipotoka, aliyebaki hakupewa kalenda ya miaka kumi.

Nasema miaka kumi kwa sababu. Mama mmoja, mzazi wa mwanafunzi wangu, ni mjane anayeendesha duka la vifaa vya ujenzi aliloachiwa na mumewe. Alimkopesha mkandarasi mmoja saruji, nondo na mabati mpaka deni likafika shilingi milioni 36. Akafungua kesi, akashinda. Mkandarasi akaleta hoja kuwa na yeye hajalipwa na waliompa kazi, akaomba alipe laki tatu kwa mwezi. Yule mama alinifuata nje ya ofisi ya walimu akaniuliza, "Ustadh, mimi nimeshinda kesi au nimeshindwa? Na nikipinga hizo laki tatu, napata dhambi?"

Piga hesabu. Milioni 36 kwa laki tatu kila mwezi ni miezi 120, yaani miaka kumi kamili. Mtoto wake aliye kidato cha tatu atakuwa ameshaoa. Saruji aliyoiuza kwa milioni 36 hataweza kuinunua tena kwa fedha itakayomfikia vipande vipande kwa muongo mzima. Nilimwambia hapana, Mama, kupinga si dhambi. Aya haikusema mwenye dhiki alipe kwa raha zake. Imesema angojewe mpaka apate wasaa, na mtu mwenye mitambo, gari la kazi na kandarasi mbili zinazoendelea anatakiwa kwanza aeleze hiyo dhiki yake iko wapi.

Hapa naomba tutulie kidogo, maana kuna jambo ambalo hata baadhi ya masheikh wanalipita. Awamu si kitu kimoja na kungoja. Kungoja ni kusema: leo huna, sitakugusa, ukipata utanipa. Awamu ni kusema: leo huna zote, ila kila mwezi utapata kidogo, na katika hicho kidogo mimi nina fungu langu. Awamu zinashika kipato ambacho bado hakijazaliwa. Je, inafaa?

Imam Nawawi, aliyefariki mwaka 676 Hijria, katika Minhaj, kitabu ambacho kimesomeshwa pwani yetu vizazi na vizazi, ameeleza msimamo wa madhehebu ya Shafi: mali ya muflisi ikishauzwa na kugawiwa wadai, halazimishwi kwenda kuchuma wala kujiajiri kwa ajili ya deni lililobaki. Hoja ni ile aya, angojewe. Pia kuna hadithi ya Abu Said al-Khudri (r.a.) katika Sahih Muslim, ya mtu aliyepata hasara katika matunda aliyonunua na madeni yakamzidi. Mtume (s.a.w.) akawaambia watu wamtolee sadaka, isitoshe, akawaambia wadai wachukue walichokikuta, hawana zaidi ya hicho. Kwa upande mwingine Hanbali wana kauli, ameitaja Ibn Qudama katika al-Mughni, kuwa mdaiwa mwenye ufundi analazimishwa kufanya kazi alipe.

Mimi ni Shafi kama wengi wetu, lakini katika hili naona kauli ya Hanbali inafaa zaidi zama hizi, na nitaeleza kwa nini. Zama za wale maimamu, utajiri wa mtu ulikuwa ni kitu unachoweza kukiona: mitende, ngamia, bidhaa sokoni, dhahabu. Ukishauza vile, umemaliza. Leo mwalimu, nesi au dereva wa kampuni hana ngamia hata mmoja, pengine anaishi nyumba ya kupanga, lakini ana hati ya mshahara. Ukisema mali yake ni vyombo vya ndani tu na mshahara usiguswe, umemfanya mtu anayeingiza fedha kila mwisho wa mwezi awe muflisi milele. Na watu wakilijua hilo hakuna atakayemkopesha mwenzake tena. Mlango wa qardh hasan ukifungwa, kinachobaki ni ile mikopo ambayo wananchi wenyewe wameipa jina la "kausha damu".

Ila kauli hiyo ina sharti lake. Kwanza yeye na anaowalisha, kisha ndiyo deni. Sheria yetu nayo imeliona hili, maana katika kukazia hukumu haziguswi nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda, zana za fundi, wala nyumba anayoishi mdaiwa na familia yake, ukiacha ile aliyoiweka rehani. (Katika kauli yenye nguvu ya Shafi, nyumba inauzwa. Kwa hiyo anayedhani sheria ya serikali siku zote ni kali kuliko vitabu vyetu, asome tena.) Basi kiwango cha awamu kitafutwe katika kinachobaki baada ya chakula, kodi na ada za watoto. Kisiwe kile ambacho mdaiwa ametamka kwa kubahatisha, wala kile ambacho mdai amekitaja kwa hasira.

Tatizo ni kujua kinachobaki. Mahakimu wetu wana mafaili mengi, na mdaiwa huapa tu kwa hati ya kiapo kuwa hana kitu. Wanachuoni walitazama deni limetoka wapi. Kama limetokana na mali aliyoipokea mkononi, mfano mkopo au bidhaa, basi asili ni kuwa anacho, na yeye ndiye alete ushahidi kuwa kimekwisha. Kama limetokana na jambo ambalo hakupokea mali, basi kauli yake pamoja na kiapo inatosha mpaka mdai alete ushahidi wa kupinga. Na shahidi wa ufukara haokotwi barabarani. Sharti awe mtu anayezijua hali za ndani za mdaiwa kwa kukaa naye na kuchanganyika naye. Kwa lugha yetu ya leo, ni jirani, mwenzake wa dukani, anayesali naye safu moja Alfajiri. Ni mtu wa namna hiyo anayejua kama gari lililoegeshwa kwa shemeji ni la shemeji kweli. Mkandarasi wetu alipokea saruji ya yule mama kwa mikono yake, kwa hiyo mzigo wa kuthibitisha ni wake.

Sasa nije kwenye jambo linalonisumbua kuliko yote, nalo ni asilimia 7. Kanuni za sheria hiyo ya 1966 zimeweka kuwa deni lililohukumiwa liongezeke kwa asilimia 7 kwa mwaka tangu siku ya hukumu mpaka litakapomalizika, au kwa kiwango kingine walichokubaliana wahusika kisichozidi asilimia 12. Mwanasheria atakwambia hiyo si riba ya benki, ni fidia ya kucheleweshewa. Sawa, lakini hebu iweke kwenye deni la milioni 36. Asilimia 7 ni shilingi 2,520,000 kwa mwaka, yaani 210,000 kwa mwezi. Katika ile laki tatu ya kwanza, laki mbili na elfu kumi zinakwenda kwenye nyongeza, na deni lenyewe linapungua kwa elfu tisini tu. Kwa mwendo huo, wakikata nyongeza kwanza, deni litaisha baada ya miaka 17 na zaidi badala ya kumi. Amri iliyotolewa kwa ajili ya kumpa maskini nafuu imemfunga kamba ndefu zaidi. Na hii ndiyo ile riba ya zama za Jahiliyya yenyewe: muda umefika, ama ulipe ama niongeze. Kubandikwa mhuri wa mahakama hakuibadilishi jina.

Najua nitaulizwa: na thamani ya shilingi inayoporomoka, nani atamfidia yule mjane? Swali ni zito na silidharau. Jopo la Fiqhi la Kimataifa lililo chini ya Jumuiya ya Nchi za Kiislamu lililijadili katika kikao chake cha Kuwait, Desemba 1988, likaamua kuwa deni hulipwa kwa kiasi chake kile kile na halifungamanishwi na kupanda kwa bei. Nionavyo mimi, dawa ya shilingi inayoporomoka ni kufupisha muda. Badala ya laki tatu kwa miaka kumi, auze mtambo mmoja alipe milioni 15 mwezi huu, na milioni 21 zinazobaki zigawiwe katika miezi 24. Hiyo haifiki laki tisa kwa mwezi, na mkandarasi aliye kazini anaziweza. Ama ile asilimia 7, Muislamu aliyeshinda kesi anaweza kusema mbele ya mahakama kuwa haitaki. Kama imeshalipwa, aitoe kwa mafukara bila kuitegemea thawabu, kama mabenki ya Kiislamu yanavyofanya na tozo za wanaochelewesha.

Kwa upande wa mdaiwa kuna mtihani ambao hakuna hakimu atakayeuona. Tuseme mahakama imekupangia laki tatu kwa mwezi. Mwezi wa nne umeuza kiwanja, au umerithi, au waliokupa kazi wamekulipa chote. Karatasi ya mahakama inasema laki tatu, na ukilipa laki tatu hakuna wa kukugusa. Je, umesalimika? Mtume (s.a.w.), katika hadithi ya Ummu Salama (r.a.) iliyomo kwa Bukhari na Muslim, ametutahadharisha kuwa yeye ni mwanadamu, anahukumu kwa anachokisikia, na huenda mmoja akawa na ulimi mzuri kuliko mwenziwe. Basi aliyehukumiwa kupewa haki ya ndugu yake amekatiwa kipande cha moto. Kama hukumu ya Mtume haimhalalishii mtu kisicho chake, sembuse amri ya awamu? Wasaa ukija, muda wa kungojewa umekwisha siku hiyo hiyo, hata kama karatasi ina miezi 116 iliyobaki. Nimewahi kumsikia mtu akijisifu kuwa "mahakama imenipa miaka sita" huku akiezeka ghorofa. Mahakama haikuwa na miaka sita ya kumpa. Ilikuwa ya mwenye kudai.

Mdai naye ana yake. Akishajua kwa yakini kuwa mwenziwe hana, haruhusiwi kumpeleka kwenye kifungo cha madai kwa lengo la kumkomoa, hata kama posho ya gerezani anayo. Na akingoja, asidhani anapoteza tu. Katika hadithi ya Burayda (r.a.) aliyoipokea Imam Ahmad, kila siku ya kumngojea mwenye dhiki inaandikwa sadaka, na muda wa deni ukishapita, sadaka hiyo inazidishwa.

Na sisi wengine, tusio wadai wala wadaiwa? Msibani kwetu kuna desturi nzuri: kabla ya kwenda makaburini mtu husimama akatangaza kuwa anayemdai marehemu awaone wafiwa, na mara nyingi deni dogo hulipwa pale pale kwa michango. Marehemu anapata wadhamini. Aliye hai, anayedaiwa laki sita za mkopo wa biashara ya samaki iliyoungua na soko, anakwenda mahakamani peke yake. Wenye madeni wametajwa katika aya ya 60 ya Suratut-Tawba miongoni mwa mafungu manane ya wanaostahiki zaka, lakini katika misikiti mingi niliyosali, zaka ikikusanywa inakwenda kwa mafukara na maskini, na fungu la wenye madeni linasomwa tu darasani. Msikiti unaoweza kubadilisha mazulia kila Ramadhani hauwezi kukosa laki sita.

Kamati ya msikiti ingeweza kuteua watu watatu waaminifu, wenye kuijua mitaa yao, kazi yao iwe mbili tu: kumkalisha mdai na mdaiwa kabla kesi haijafunguliwa, na pale iliposhafunguliwa, kwenda kutoa ushahidi wa kweli kuwa fulani hana, au fulani anacho anaficha. Sijausikia bado msikiti wenye utaratibu huo. Kama upo, nawaomba viongozi wake waandike katika gazeti hili watueleze wanawapataje hao watu watatu, maana hapo ndipo mimi na wenzangu wa mtaani kwetu tulipokwama.